Lori Limezuiliwa kwa Kesi ya Mchanga au Madini: Mwongozo Kamili wa Kulitoa Kituoni Nchini Kenya

Mwenye lori aliyenaswa na mchanga, kokoto au mawe ya dhahabu huambiwa neno lile lile na karibu kila anayemkuta kituoni: mwambie dereva akubali makosa, lipa faini, chukua gari uende. Ushauri huo umewapotezea watu malori. Dereva akishakubali mashtaka, mlango wa kulitaifisha gari lililotumika, yaani kulichukua liwe mali ya serikali, unafunguka, na wewe unaanza kujitetea ukiwa tayari umechelewa.

Mwongozo huu ni wa Kenya: njia za mchanga za Machakos, Makueni, Kitui na Kajiado, na maeneo ya dhahabu kama Migori, Kakamega na Narok. Hatua ni zile zile kwa tipa, trakta, ekskaveta na hata pikipiki iliyobeba magunia ya mawe. Shika jambo moja tangu mwanzo: kesi ya dereva ni kitu kimoja, na gari ni kitu kingine. Gari lina mwenyewe, mwenyewe ana haki zake, na haki hizo zina njia yake mahakamani. Usikubali vitu hivi viwili vifungwe kamba moja.

Hatua ya 1: Jua ni nani amelishika, na kwa sheria gani

Lori la mchanga linaweza kusimamishwa na polisi, na askari wa kaunti, na wakaguzi wa NEMA (mamlaka ya taifa ya mazingira) au na maafisa wa idara ya madini. Mara nyingi wanakuwa pamoja kwenye kizuizi kimoja, kisha gari linaishia katika yadi ya kituo cha polisi, na mwenye gari anadhani ni mambo ya polisi pekee. Uliza waziwazi: nani ndiye mlalamishi? Faili iko kwa nani?

Jibu lina uzito kwa sababu kila sheria ina makali yake. Sheria ya Madini ya 2016 inahusu kuchimba na kufanya biashara ya madini bila kibali, na mchanga, changarawe na mawe ya ujenzi yanahesabiwa humo. Kaunti nazo zina sheria zao. Makueni, kwa mfano, ilipitisha sheria yake ya kuhifadhi na kutumia mchanga mwaka 2015, na imekuwa kali sana kwa mchanga unaosafirishwa kwenda nje ya kaunti. Kuna pia Kanuni ya Adhabu, pale polisi wanapoandika kwamba mchanga uliibwa kwenye shamba au mto wa mtu. Na kuna Sheria ya Trafiki, kwa uzito kupita kiasi. Hiyo ni kesi ndogo ya pembeni, ila ikichanganywa na nyingine inafanya faili ionekane nene.

Sheria ya kuangalia kwa makini zaidi ni ile ya usimamizi wa mazingira ya 1999, ambayo wengi wanaijua kwa jina la EMCA. Kifungu chake cha 146 kinairuhusu mahakama kuamuru gari lililotumika kutenda kosa litaifishwe, na inaweza kufanya hivyo hata kama hakuna mtu aliyepatikana na hatia, mradi tu mahakama imeridhika kwamba kosa lilitendeka. Ukiona jina la EMCA kwenye karatasi ya mashtaka, usiende kortini bila wakili.

Hatua ya 2: Siku ya kwanza ni siku ya karatasi na picha

Fika kituoni mwenyewe au mtume mtu unayemwamini akiwa na barua yako. Usirudi nyumbani kabla ya kupata haya:

- Nambari ya OB, yaani daftari la matukio la kituo, pamoja na tarehe na saa. Bila nambari hiyo gari lako halina alama yoyote ya kisheria pale kituoni.
- Orodha ya vitu vilivyochukuliwa, ikiwa na sahihi ya afisa aliyevichukua na ya dereva wako.
- Jina, cheo na nambari ya kazi ya afisa anayechunguza kesi.
- Kifungu cha sheria kinachodaiwa kuvunjwa. Kikiandikwa kwa kalamu pembeni ya karatasi, piga picha hapo hapo.

Halafu piga picha za gari lenyewe. Watu wengi hupiga picha moja ya mbele yenye nambari ya usajili wakaridhika, nayo haitawafaa baadaye. Zunguka gari polepole. Piga kila tairi kwa karibu mpaka namba zilizochorwa ubavuni zisomeke, na usisahau tairi la akiba. Fungua kisanduku cha betri, piga betri zote mbili pamoja na chapa na namba zake. Piga jeki ya kunyanyulia bodi, pampu yake, kifuniko cha tangi la dizeli, kipimo cha mafuta na kipimo cha kilomita huku swichi ikiwa imewashwa. Ndani ya kebini piga redio, jeki ya mkono na spana. Malori hukaa kwenye yadi hizo miezi mingi, na nimeona lori likitoka na matairi manne ambayo hayakuwa yake, mwenyewe akiwa hana hata picha moja ya kuthibitisha.

Omba vilevile mzigo upimwe na upigwe picha. Mchanga ukiachwa ndani ya bodi kisha mvua inyeshe, uzito unaongezeka na springi ndizo zinazobeba taabu hiyo. Hii ni sababu halali ya kuomba mapema ruhusa ya kuupakua, na nitalirudia jambo hili kwenye ombi la mahakamani.

Sasa dereva na tanboi. Katiba, kifungu cha 49, inawapa haki ya kunyamaza, haki ya kupata wakili, na haki ya kufikishwa kortini ndani ya saa 24 baada ya kukamatwa, au siku ya kwanza ya korti kufunguliwa ikiwa saa hizo zimeishia siku ambayo korti haikai. Waeleze haki hizo kwa utulivu. Dereva asidanganye, na asiandike maelezo marefu akiwa na hofu ya usiku bila kuongea na wakili. Maneno kama "bosi aliniambia nipitie njia ya nyuma" yanaweza kuwa kweli au yanaweza kuwa ya kujiokoa, lakini yakishaingia kwenye maelezo yake yatasomwa dhidi yako siku utakaposema hukujua gari linatumiwaje.

Hatua ya 3: Thibitisha kwamba gari ni lako

Hapa ndipo maombi mengi yanapokwama, kwa kitu ambacho kingetengenezwa miaka iliyopita. Malori mengi ya mchanga yamenunuliwa mkononi, pesa zikalipwa, funguo zikachukuliwa, na logibuku ikabaki na jina la mtu wa kwanza. Kifungu cha 8 cha Sheria ya Trafiki kinamhesabu mtu aliyesajiliwa kuwa ndiye mwenye gari, hadi ithibitishwe vinginevyo. Maneno hayo ya mwisho ndiyo nafasi yako, lakini lazima uithibitishe.

Kusanya:

- Nakala ya logibuku, na taarifa mpya ya usajili kutoka NTSA, mamlaka inayosajili magari, kupitia eCitizen, tovuti ya huduma za serikali, inayoonyesha gari liko kwa jina la nani leo.
- Ikiwa jina si lako: mkataba wa mauziano, ushahidi wa malipo ya benki au M-Pesa, na hati ya kiapo ya mwenye jina akisema alikuuzia na hana dai tena.
- Ikiwa gari ni la kampuni: taarifa ya wakurugenzi kutoka msajili wa kampuni, na azimio linalokupa mamlaka ya kuliombea.
- Ikiwa kuna mkopo: benki au kampuni ya mkopo huwa imesajiliwa pamoja nawe. Waarifu mara moja, kwa maandishi. Wao pia wana maslahi kwenye gari na wanaweza kuungana nawe kwenye ombi. Hakimu anaposikia kwamba lori linadaiwa kila mwezi huku limesimama, anasikia hasara inayohesabika.
- Bima na cheti cha ukaguzi.

Weka pia karatasi za safari yenyewe: kibali cha eneo la uvunaji, risiti ya ada ya kaunti, hati ya kupeleka mzigo, na jina la aliyeagiza. Kwa mawe ya dhahabu, tafuta kibali cha mchimbaji mdogo au cha ushirika wa wachimbaji uliokodisha gari lako, na makubaliano ya kukodisha.

Kibali kikikosekana, sema kimekosekana. Kuna watu watakaokutafuta na risiti za kaunti zenye tarehe ya jana. Wakatae. Hati ya kughushi ni kosa kubwa kuliko la mchanga, na ikigunduliwa unageuka kutoka mwenye gari aliyedhulumiwa hadi mshukiwa, na ombi lako linakufa hapo hapo.

Hatua ya 4: Omba kwa maandishi kabla ya kwenda kortini

OCS, yaani mkuu wa kituo, au afisa mchunguzi anaweza kuliachilia gari ikiwa hakuna kesi itakayofunguliwa, au akiridhika kwamba picha zinatosha. Haitokei mara nyingi pale mashtaka yameshaandaliwa, lakini barua ina faida hata ikikataliwa: inaonyesha mahakama kwamba ulifuata utaratibu na ukanyimwa jibu. Kifungu cha 47 cha Katiba na Sheria ya Haki katika Hatua za Kiutawala ya 2015 vinakupa haki ya kupewa sababu za maandishi pale hatua ya ofisi ya umma inapokuumiza.

Barua isiwe ndefu. Mfano:

"Kwa OCS, Kituo cha ______. Kuhusu OB Na. ______ ya tarehe ______, lori nambari ya usajili ______.

Mimi ndiye mwenye gari lililotajwa, kama inavyoonyesha nakala ya logibuku iliyoambatanishwa. Gari limezuiliwa katika kituo chako tangu tarehe ______. Naomba kujulishwa kwa maandishi sheria na kifungu kinachotumika kulizuilia, kupewa nakala ya orodha ya vitu vilivyochukuliwa, na gari lipigwe picha na kukaguliwa mbele yangu kisha nikabidhiwe kwa sharti kwamba nitalileta litakapohitajika. Nitafika kituoni siku ya ______ kupokea jibu."

Toa nakala mbili. Moja ibaki kituoni, nyingine ipigwe muhuri wa kupokelewa. Peleka nakala kwa ofisi ya mwendesha mashtaka, yaani ODPP, ya eneo hilo, na kwa kaunti au NEMA ikiwa wao ndio walalamishi. Wape siku chache tu. Siku ya jibu ikipita kimya, usiongeze muda kwa heshima, nenda kortini.

Katika siku hizo utakutana pia na mtu atakayekuambia kuna "njia fupi". Ukitoa pesa, umetenda kosa chini ya Sheria ya Hongo ya 2016, na mpokeaji vilevile. Zaidi ya hapo, gari lililotoka bila amri wala karatasi linaweza kukamatwa tena wiki ijayo kwa faili ile ile. Malipo halali ya serikali yanapita eCitizen, nambari 222222, na yana risiti. Kaunti ikidai ada ya kuhifadhi gari kwa siku, uliza kifungu cha sheria ya kaunti kinachoiweka ada hiyo, na ulipe tu penye risiti ya kaunti.

Hatua ya 5: Ombi mahakamani

Hii ndiyo hatua yenyewe. Ombi linapelekwa katika mahakama ya hakimu ya eneo ambako dereva ameshtakiwa, au ambako gari linazuiliwa ikiwa bado hakuna aliyeshtakiwa. Usingoje dereva ashtakiwe. Gari linaweza kukaa majuma mengi bila mtu yeyote kufikishwa kortini, na hilo lenyewe ni hoja nzito upande wako.

Misingi ya kisheria ya kutaja ni hii:

Kifungu cha 121 cha Sheria ya Mwenendo wa Jinai, sura ya 75, kinairuhusu mahakama kukizuilia kitu kilicholetwa mbele yake hadi kesi au uchunguzi uishe, lakini kinataka kitunzwe kwa uangalifu wa kutosha. Kisha kinasema kwamba pasipokuwa na rufaa, au pasipokuwa na mtu aliyepelekwa kushtakiwa, kitu kirudishwe kwa aliyechukuliwa, isipokuwa mahakama ione au sheria iagize vinginevyo. Kifungu cha 177 kinampa hakimu uwezo wa kuamuru mali iliyochukuliwa kwa mshtakiwa arudishiwe yule anayeonekana kustahili kuwa nayo. Na kifungu cha 40 cha Katiba kinalinda mali yako isichukuliwe kiholela.

Karatasi zinazohitajika ni ombi rasmi, hati ya dharura inayoeleza kwa nini jambo haliwezi kungoja, na hati yako ya kiapo pamoja na viambatanisho vyote. Kufungua faili ni kwa mtandao wa Idara ya Mahakama. Tangu Machi 2024 mfumo huo ulienezwa nchi nzima. Lugha ya mahakama za chini ni Kiingereza au Kiswahili, hayo yako katika kifungu cha 198 cha Sheria ya Mwenendo wa Jinai, kwa hiyo unaweza kujieleza kwa Kiswahili mbele ya hakimu bila kuona haya, ingawa mawakili wengi wataandika ombi kwa Kiingereza.

Nguvu ya ombi iko katika hati ya kiapo. Hakimu hakujui. Anachoona ni karatasi, na anataka kujua mambo machache: gari ni la nani kweli, lilikamatwa vipi, wewe ulihusika vipi na kosa linalodaiwa, linaharibika kiasi gani, na ukipewa utalirudisha? Andika kwa mpangilio huo. Eleza tarehe, saa na mahali lilipokamatwa. Eleza dereva aliajiriwa lini na kwa maagizo gani. Kama una barua ya ajira au ujumbe wa simu unaomkataza kubeba mzigo bila karatasi, uambatanishe. Weka picha ulizopiga siku ya kwanza, na picha za sasa ukiweza kuruhusiwa, ili tofauti ionekane kwa macho. Weka taarifa ya mkopo. Weka barua yako kwa OCS yenye muhuri.

Kisha toa ahadi kabla hujaombwa. Jitolee kulileta gari kila litakapohitajika, kutoliuza wala kulihamisha jina, kutolibadilisha rangi au injini, kuweka logibuku halisi mahakamani, na kusaini bondi ukiwa na mdhamini. Ombi linalokuja na ahadi hizi linampa hakimu cha kuandika kwenye uamuzi. Lile linaloishia kwenye malalamiko linamwachia kazi ya kubuni masharti, na huenda akaona ni rahisi zaidi kukataa.

Tegemea pingamizi. Mwendesha mashtaka atasema gari ni ushahidi. Jibu: ushahidi wa gari ni umbo lake, nambari zake na mzigo wake, na hayo yote yanaweza kuhifadhiwa kwa picha zilizothibitishwa na afisa pamoja na ripoti ya ukaguzi; lori lenyewe haliwezi kuletwa ndani ya chumba cha korti hata likibaki kituoni. Atasema litatumiwa tena kwa kosa lile lile. Hapa usijibu kwa hasira. Pendekeza sharti, kwa mfano kwamba gari halitabeba mchanga kutoka mto huo hadi kesi iishe. Atasema sheria inaruhusu kulitaifisha na ukipewa utalificha. Jibu lipo kwenye logibuku uliyoiweka mahakamani na bondi uliyosaini.

Kuhusu mzigo, omba ndani ya ombi hilo hilo kwamba upimwe, upigwe picha, sampuli ichukuliwe, kisha upakuliwe. Usiupiganie. Tripu moja ya mchanga haistahili kuchelewesha uamuzi wa lori la mamilioni ya shilingi, na ukiudai kwa nguvu unajiingiza kwenye swali la nani aliuvuna.

Wakili atakusaidia sana hapa. Hakikisha jina lake lipo kwenye orodha ya mawakili wa mwaka huu katika tovuti ya Chama cha Mawakili, na umlipe kwa risiti. Usiyeweza kumudu, ulizia Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria, iliyoundwa kwa sheria ya 2016.

Mtego wa kukubali makosa

Narudi kwenye nililoanza nalo, kwa sababu hapa ndipo malori yanapopotea huku kila mtu akidhani mambo yanakwenda vizuri. Dereva anafikishwa kortini asubuhi. Anakubali mashtaka, anatozwa faini, mwenye gari analipa, watu wanapeana mikono. Kisha mwendesha mashtaka anasimama na kuomba gari litaifishwe. Maelezo ya kesi ambayo dereva aliyakubali yanasema lori lilitumika kutenda kosa, na sasa hayo si madai tena.

Dereva ana haki ya kukubali kosa ikiwa kweli amelitenda, na wewe huna ruhusa ya kumlazimisha akane. Unachoweza kufanya ni kuhakikisha umefika kortini kabla ya siku hiyo, ombi lako limo ndani ya faili, na hakimu anajua kuna mwenye gari aliye tofauti na mshtakiwa. Dereva awe na wakili wake, wewe uwe na wako, maana maslahi yenu yanaweza kugongana.

Ikiwa kutaifisha kumeombwa, kimbilia kifungu cha 389A cha Sheria ya Mwenendo wa Jinai. Pale ambapo sheria inaruhusu kutaifisha bila kulazimisha, na haikuweka utaratibu wake yenyewe, kifungu hiki kinaitaka mahakama impe taarifa anayeaminika kuwa mwenye mali, aje aonyeshe sababu kwa nini isichukuliwe. Ukithibitisha mambo matatu kwa pamoja, mahakama haitaitaifisha: kwamba huna hatia katika kosa hilo, kwamba hukujua wala hukuwa na sababu ya kuamini gari lingetumiwa hivyo, na kwamba ulichukua tahadhari zote za kawaida kulizuia lisitumiwe hivyo.

Jambo la tatu ndilo gumu. Kusema "sikujua" hakutoshi. Mahakama itauliza ulifanya nini ili lisitokee. Kwa hiyo mwenye lori mwenye busara anaandaa majibu hayo wakati gari bado liko barabarani: barua ya ajira inayotaja vibali, daftari la safari linalosainiwa kila siku, kifaa cha kufuatilia gari, na agizo la maandishi la kutosafirisha mchanga usiku, saa ambazo kaunti nyingi zimezipiga marufuku. Vitu hivi havigharimu pesa nyingi, navyo ndivyo vitakavyotetea gari lako siku hiyo.

Hatua ya 6: Amri ikitoka

Soma amri yote, hasa masharti. Omba nakala iliyothibitishwa na mahakama, maana kituo hakitatoa gari kwa picha ya simu. Timiza masharti kwanza: saini bondi, weka logibuku, mlete mdhamini. Kisha peleka amri kituoni wakati wa kazi na uombe ipokelewe kwa muhuri na iandikwe katika OB.

Usiendeshe gari kabla ya kulikagua. Nenda na makanika. Linganisha tairi kwa tairi na betri kwa betri na picha za siku ya kwanza. Angalia dizeli, maji na oili kabla ya kuwasha. Injini iliyokaa miezi ikiwashwa kwa pupa inaweza kukuletea gharama mpya. Kikipungua kitu, kiandikishe katika OB kabla ya kusaini kwamba umepokea gari, na sahihi yako iandikwe "nimepokea pamoja na upungufu ufuatao". Bredauni ya kuvuta lori iwe tayari, usitegemee litawaka.

Afisa akikataa kutii amri, mrudie wakili siku hiyo hiyo. Kuidharau amri ya mahakama ni jambo ambalo hakimu hulichukulia kwa uzito kuliko mchanga wenyewe. Unaweza pia kulalamika kwa Mamlaka Huru ya Kuangalia Utendakazi wa Polisi, IPOA, au kwa Tume ya Haki ya Utawala ikiwa aliyekataa ni ofisi ya kaunti au ya serikali.

Masharti ya bondi yanaendelea kukufunga mpaka kesi iishe. Ukiitwa na gari, fika na gari. Kesi ikiisha, omba kwa maandishi bondi ifutwe, mdhamini aachiliwe, na logibuku yako irudishwe. Wengi husahau hili, wakagundua miaka baadaye wanapotaka kuuza lori kwamba logibuku ingali kwenye sefu ya korti.

Ombi likikataliwa

Pata uamuzi kwa maandishi na uangalie sababu. Ikiwa hakimu alisema hukuthibitisha umiliki, au picha bado hazijachukuliwa, rekebisha upungufu huo na urudi kwake. Ikiwa alikosea kisheria, Mahakama Kuu ina uwezo wa kuliangalia faili na kuubadilisha uamuzi chini ya vifungu vya 362 na 364 vya Sheria ya Mwenendo wa Jinai. Na pale gari limezuiliwa muda mrefu bila mashtaka wala maelezo, unaweza kufungua ombi la kikatiba Mahakama Kuu kwa kuvunjwa haki ya mali na haki ya kutendewa kwa utaratibu. Njia hiyo ni ya gharama zaidi, na ningeiendea baada ya ile ya hakimu kushindikana.

Hasara na uharibifu

Lori likitoka limeharibika au limeibiwa vitu, mwite mkadiriaji aliyesajiliwa siku hiyo hiyo, kabla hujabadilisha hata balbu. Ripoti yake, picha zako za siku ya kwanza, maandishi ya OB ya siku ya kulichukua na rekodi za mapato ya kila safari ndivyo vitakavyobeba dai lako la fidia. Muda ni mfupi: dai la madhara dhidi ya serikali lina ukomo wa miezi 12 tangu sababu ya dai ilipotokea, na miezi hiyo inahesabika hata kama kesi ya dereva ingali inaendelea.